Ardhi, Jamaa na Usaliti: Misingi ya Falsafa ya Ukomunisti katika Not Yet Uhuru

Utangulizi

Kwa zaidi ya nusu karne wakazi wa Kondele na vitongoji vinavyoizunguka wamekuwa wakiiita "Russia" hospitali kuu iliyo kando ya barabara ya Kisumu kwenda Kakamega. Majina rasmi yamepishana, na siku hizi hospitali hiyo inaitwa kwa jina la Jaramogi Oginga Odinga, lakini jina la mtaani limedumu. Ni miongoni mwa mabaki machache yanayosikika kila siku ya mjadala ulioitikisa Kenya kati ya mwaka 1964 na 1969, yaani mjadala kuhusu ukomunisti. Aghalabu mjadala huo huelezwa kuwa tawi la Vita Baridi: Odinga upande wa Mashariki, wapinzani wake upande wa Magharibi, na mabalozi nyuma ya pazia. Maelezo hayo si ya uongo. Hata hivyo, yamefunika jambo lenye uzito zaidi kwa mhakiki. Chini ya makelele ya mabalozi na misaada palikuwa na swali la falsafa: je, kinachomfanya mtu awe alivyo katika jamii ni nia na maadili aliyoyarithi, au ni uhusiano wake na vitu vinavyomlisha, yaani ardhi, jembe, mtumbwi na duka?

Matini kuu inayochunguzwa katika makala haya ni Not Yet Uhuru, tawasifu ya Odinga iliyochapishwa na Heinemann mwaka 1967 ikiwa na dibaji ya Kwame Nkrumah, na ambayo Ruth First alisaidia kuihariri. Itasomwa sambamba na Waraka wa Kikao Nambari 10 wa 1965, ambao serikali ya Kenya ilieleza ndani yake ujamaa wa Kiafrika na jinsi ungetumika katika mipango ya nchi. Wanahistoria wamekichimba kitabu cha Odinga kama ghala la ushahidi. Wahakiki wa fasihi, hasa wale wa Kiswahili, wamekipita kando, kwa kuwa kimeandikwa kwa Kiingereza na kwa kuwa tawasifu ya mwanasiasa haihesabiwi upesi kuwa fasihi. Sababu zote mbili ni dhaifu. Mabishano yaliyokizaa kitabu hiki yaliendeshwa kwa kiasi kikubwa kwa Kiswahili, majukwaani. Na tawasifu, kama utanzu mwingine wowote wa kisimulizi, huweza kusema zaidi ya alichokusudia mwandishi wake. Hoja inayotetewa hapa ni kwamba Not Yet Uhuru ina falsafa mbili zinazovutana, na kwamba ile iliyo thabiti haimo katika sura zinazotangaza msimamo wa Odinga bali katika sura zinazosimulia alivyofanya biashara.

Mtu ni watu, lakini kwa njia gani?

Nadharia ya jamii ya kikomunisti haianzi na mali. Inaanza na swali kuhusu mtu. Hegel aliiona historia kuwa safari ya Roho inayojitambua hatua kwa hatua kupitia matendo ya watu na dola zao. Feuerbach akaishusha Roho hiyo duniani, akasema kwamba kile watu wanachokiabudu mbinguni ni sifa zao wenyewe walizozitukuza. Marx, katika tanbihi fupi alizoziandika mwaka 1845 na ambazo Engels alizitoa hadharani mwaka 1888, alimkubali Feuerbach nusunusu. Alimlaumu kwa kuzungumza juu ya mtu kwa jumla, mtu asiye na karne wala kazi. Kwa Marx, asili ya mtu haikai ndani ya kila mmoja kama kokwa ndani ya tunda. Ni jumla ya mahusiano ya kijamii anamoishi. Na mahusiano hayo, kama yeye na Engels walivyofafanua katika maandishi yao ya 1845 na 1846 kuhusu itikadi ya Kijerumani, hujengwa kwanza katika shughuli ya kutafuta chakula, mavazi na makao. Fikra, sheria na dini huota katika udongo huo.

Msomaji wa Kiswahili akikutana na rai hiyo hashtuki. Lugha yake imekwisha kumwambia kwamba mtu ni watu. John Mbiti, katika kitabu chake cha 1969 kuhusu dini na falsafa za Kiafrika, aliifanya hekima ya namna hiyo kuwa nguzo ya maelezo yake kuhusu utu wa Mwafrika. Ufanano huu umewashawishi wengi waseme kwamba Mwafrika alikuwa mjamaa kabla ya Marx kuzaliwa, na kwamba kwa hivyo hana haja naye. Hapo ndipo hoja inapoteleza. Methali inasema mtu ni watu. Haisemi watu hao wameunganishwa na nini. Mdhanifu atajibu kwamba wameunganishwa na damu, upendo na kumbukumbu ya wazee. Myakinifu hatakana damu wala upendo. Atauliza kwanza nani analima wapi, kwa ruhusa ya nani, na mavuno yanaishia katika ghala la nani. Kisha ataangalia jinsi damu na upendo vinavyosemwa na watu waliomo katika mpangilio huo.

Katika Afrika Mashariki jibu la kidhanifu lilitolewa kwa ufasaha mkubwa na Julius Nyerere katika kijitabu chake cha Aprili 1962 kuhusu misingi ya ujamaa. Kwake ujamaa ulikuwa kwanza mtazamo wa akili, hata tajiri aliweza kinadharia kuwa mjamaa iwapo angeutumia utajiri wake kwa ajili ya wenziwe. Azimio la Arusha la Februari 1967, lilipotia mkazo umilikaji wa njia kuu za uchumi, lilikuwa limekwisha kusogea kutoka moyoni kwenda kwenye mali, ingawa halikulitangaza badiliko hilo kuwa la kifalsafa. (Wahakiki wa Dar es Salaam wa miaka ya sabini wangeliokoa wino mwingi kama wangeliutambua mpaka huo mapema.)

Msamiati wenyewe wa Kiswahili umo katika mgogoro huu. Neno "bepari" lilitoka katika lugha za Bara Hindi, likiwa na maana ya mfanyabiashara. "Ujamaa" umetokana na jamaa, neno la asili ya Kiarabu lililokwisha kuzoeleka kwa maana ya ndugu na watu wa nyumba moja. Kiswahili kilipotafuta majina ya mifumo miwili, basi, mmoja kiliupa jina la mchuuzi na mwingine jina la ndugu. Mzungumzaji anayeutumia msamiati huo bila tahadhari anaelekea kudhani kwamba adui wa mnyonge ni mwenye duka, hasa mwenye duka mgeni, na kwamba mwenziwe ni ndugu. Swali ambalo msamiati huo hauliulizi ni lile la ndugu mwenye duka. Odinga alilazimika kuliuliza, kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa ndiye.

Waraka wa 1965 na wana wa ziwa

Ni jambo la kuzingatiwa kwamba sauti tatu kati ya zile zilizosikika sana katika mabishano ya 1965 zilikuwa za watu wa pwani ya Ziwa Viktoria. Waraka ulitayarishwa chini ya Tom Mboya, Waziri wa Mipango ya Uchumi na Maendeleo, ambaye asili yake ni Kisiwa cha Rusinga. Odinga, Makamu wa Rais, alitoka Bondo. Mwanauchumi Barack Obama, baba wa yule aliyekuja kuwa Rais wa Marekani, alitoka Kogelo, na uhakiki wake wa Waraka ulichapishwa katika East Africa Journal toleo la Julai 1965. Hivyo dai kwamba palikuwa na "watu wa ziwa" waliotekwa na itikadi ya kigeni halisimami hata kidogo. Ziwa lilikuwa na pande zote za ugomvi.

Falsafa ya Waraka inajengwa juu ya madai mawili. La kwanza ni kwamba jamii ya jadi ya Kiafrika haikuwa na matabaka ya aina iliyojulikana Ulaya, na kwamba ilirithisha misingi miwili: demokrasia ya kisiasa na wajibu wa kusaidiana. La pili, ambalo ndilo la ndani zaidi, ni kwamba Marx alikosea, au walau alipitwa na wakati, kwa kufungamanisha umilikaji mali na uwezo wa kisiasa. Katika mila za Kiafrika, Waraka unashikilia, haki ya mtu ya kusikilizwa haikutegemea mali yake. Ikiwa ni hivyo, hakuna haja ya kugusa umilikaji. Yatosha kuusimamia kwa kodi, sheria na mipango.

Dai hili la pili linastahili kuheshimiwa kama hoja, kwa kuwa linagusa kiini cha uyakinifu wa kihistoria. Lakini linaanguka kwa ushahidi wa nchi ya Mboya mwenyewe. Miongoni mwa Wajaluo palikuwa na tofauti ya kale baina ya weg lowo, wenye ardhi, na jodak, waliokaribishwa kulima katika ardhi ya ukoo usio wao. Jadak aliweza kuishi hapo miaka mingi, akaoa na kuzikwa watu wake, lakini katika mambo ya ukoo sauti yake ilikuwa ya mgeni, na vizazi vyake viliweza kukumbushwa ugeni huo siku ardhi ilipopungua. Mwanamke naye aliifikia ardhi kupitia mume au wana. Haya si matabaka ya Manchester, na mwenye kuyaita hivyo atakuwa anaitesa dhana. Lakini ni ushahidi kwamba hata kabla ya hati za kumiliki ardhi, haki ya kusema ilifuata haki ya kulima. Mtu alikuwa watu, naam. Ila watu hao walipangwa juu ya udongo, na wengine walikaa karibu na shina kuliko wengine.

Kinachostaajabisha ni kwamba Marx hangeukataa ukoo. Mwaka 1881 Vera Zasulich alimwandikia kutoka katika harakati za Urusi akiuliza kama jumuiya ya vijiji vya wakulima wa nchi hiyo ililazimika kufa kwanza chini ya ubepari ndipo ukomunisti uwezekane. Marx aliandika rasimu kadhaa kabla ya kutuma jibu fupi: maelezo yake katika Capital yalihusu Ulaya Magharibi, na jumuiya ya kijiji iliweza kuwa nguzo ya uhai mpya wa Urusi, mradi iondolewe yale yaliyoibana kutoka kila upande. Msomaji aangalie ni nini hasa Marx alichokithamini. Hakuithamini hulka ya Mrusi wala moyo wake wa ukarimu. Alithamini umilikaji wa pamoja wa ardhi uliokuwa bado upo. Waraka wa 1965 ulifanya kinyume: ulihifadhi moyo, ukasifu wajibu wa kusaidiana, na papo hapo ukaunga mkono uunganishaji wa mashamba na utoaji wa hati za mtu binafsi, kazi iliyoanza kwa kishindo chini ya Mpango wa Swynnerton wa 1954. Ulitunza jina la jamaa na kuiuza ardhi iliyokuwa chini ya miguu yao.

Obama aliliona hilo. Alihoji kama hati za mtu mmojammoja hazingeleta mrundikano wa ardhi mikononi mwa wachache, akapendekeza ushirika uliojengwa juu ya koo, na akakumbusha kwamba kuzungumzia jamii isiyo na matabaka katika nchi ambayo uchumi wake mwingi ulikuwa mikononi mwa wageni ni kulikwepa swali. Makala yake si ya Kimarx, nayo ina mapungufu yake: ukoo anaoutegemea ni uleule wenye weg lowo na jodak. Lakini kimantiki ni makini kuliko majibu mengi ya wakati ule, kwa kuwa inaanza na umilikaji.

Mwaka huohuo wa 1965 ulitoa kielelezo ambacho mwandishi wa tamthilia angeogopa kukibuni. Huko Kandara, Rais Kenyatta alimwuliza Bildad Kaggia, mfungwa mwenziwe wa Kapenguria aliyekuwa akitetea wasio na ardhi, amejifanyia nini tangu uhuru, huku akimlinganisha na wafungwa wenzao waliokwisha kujipatia mashamba na biashara. Waraka ulikuwa ukisema kwamba katika Afrika hadhi ya mtu kisiasa haitokani na mali yake. Jukwaa likasema kwamba asiye na mali hana la kusema.

Duka

Kwa msomaji wa Not Yet Uhuru, sura zenye nguvu ya kisanaa ni zile za biashara. Kitabu hufungua kwa masimulizi ya wazee wa Kijaluo kuhusu asili na uhamaji, na mtindo wake hapo ni wa heshima na mapokeo. Wazee wanasema, mwandishi anasikiliza. Kisha anaingia mwalimu kijana wa Maseno anayeacha kazi ili aanzishe chama cha kuweka akiba, ambacho mwaka 1947 kilikuwa shirika la Luo Thrift and Trading Corporation. Hapo lugha inabadilika. Pana hisa, viwanja, leseni, mashine ya kupigia chapa, jumba la Ramogi mjini Kisumu, na safari za kuwatafuta Wajaluo walioajiriwa miji ya mbali ili wachangie. Simulizi inapata miguu.

Kinadharia sehemu hii ni ya thamani kubwa kwa sababu inaonesha, bila kukusudia kufundisha, mahali ambapo ujamaa wa damu unakutana na mtaji. Odinga alilenga kuthibitisha kwamba Mwafrika anaweza kufanya biashara na kwamba umoja wa Wajaluo unaweza kujengwa kwa fedha zao wenyewe. Chombo alichokitumia ni ujamaa wa nasaba: mwenye hisa alichanga kwa sababu ni ndugu. Lakini hisa ni hisa. Inamfanya ndugu kuwa mdai, na meneja kuwa mtu anayedaiwa hesabu. Mkononi mwa mwandishi, undugu unageuka polepole kuwa uhusiano wa aina nyingine, na bado unaendelea kuitwa kwa jina la zamani. Hili ndilo jambo lililokuwa likielezwa na Marx aliposema kwamba watu huingia katika mahusiano ya uzalishaji yasiyotegemea utashi wao. Hakuna aliyetaka kuwa bosi wa nduguye. Mpangilio wa shirika ndio uliohitaji bosi.

Vilevile simulizi hiyo inamfunulia msomaji mfumo wa kikoloni kwa njia ambayo hotuba haziwezi. Mfanyabiashara Mwafrika anabanwa na sheria za ukopeshaji, na ruhusa za viwanja, na bei zinazopangwa na wengine. Ukoloni hauonekani kama ubaya wa Wazungu fulani, bali kama mlolongo wa milango ya ofisi. Mtu aliyepita milango hiyo hahitaji kwenda Moscow kufundishwa kwamba sheria inasimama juu ya uchumi na kuulinda. Odinga alikwenda Moscow na Peking mwaka 1960, na anaeleza safari hizo kama za mtu anayetaka taifa lisilofungamana na upande wowote. Hajitangazi kuwa Mkomunisti mahali popote. Makala haya hayaoni sababu ya kumbishia. Uyakinifu wake, pale unapotokea, una harufu ya duka la Maseno zaidi ya ile ya maktaba ya Kremlin.

Usaliti kama kanuni ya maelezo

Baada ya uhuru kupatikana ndani ya kitabu, zana hizo zinawekwa chini. Mawaziri wanaojitajirisha, mashamba makubwa yanayobadili wenyewe bila kubadili umbo, wabunge wanaosahau waliowachagua: yote haya yanatajwa kwa ujasiri ambao haukuwa rahisi mwaka 1967. Lakini yanaelezwa kwa dhana moja, nayo ni usaliti. Wenzake walikuwa wazuri, wakaharibika. Walitongozwa na fedha za kigeni. Walisahau ahadi.

Usaliti ni dhana ya kimaadili, na mwandishi ana haki ya kuitumia. Tatizo ni kuifanya iwe sababu ya historia. Kama chanzo cha matabaka ni moyo uliogeuka, basi dawa yake ni moyo usiogeuka, na siasa inakuwa kazi ya kumtafuta mtu mwaminifu. Hapo Odinga anaungana na Waraka anaoupinga. Waraka unasema ujamaa umo ndani ya roho ya Mwafrika. Tawasifu inasema ulikuwamo, ukatolewa. Pande zote mbili zinauweka mahali pamoja. Hakuna inayouliza kwa nini mwenye hati ya shamba la ekari elfu atalazimika kutenda kama mwenye shamba hata akiwa mtu wa sala. Inasikitisha, kwa sababu mtu aliyeandika juu ya hisa na viwanja alikuwa na uwezo wa kuuliza hivyo kuliko wenzake wote.

Kasoro hiyo haikuwa ya Odinga peke yake. Novemba 1968 kijana wa Mombasa, Abdilatif Abdalla, aliandika kijikaratasi "Kenya: Twendapi?" kuunga mkono chama cha Odinga cha Kenya People's Union, baada ya wagombea wa chama hicho kuzuiwa kushiriki uchaguzi wa serikali za mitaa. Alifungwa miaka mitatu, 1969 hadi 1972, na diwani aliyoitunga gerezani, Sauti ya Dhiki, ikachapishwa 1973 na kupata tuzo yenye jina la Rais yuleyule ambaye serikali yake ilimfunga. Kichwa cha kijikaratasi chake kinauliza njia, na kuuliza njia kuna maana tu pale ambapo msafiri amekwisha kuondoka mahali na hana uhakika wa mbele. Ukilinganisha, kichwa cha Odinga kinatazama ahadi ambayo haijatimizwa. Swali la Abdalla liko karibu zaidi na historia. La Odinga liko karibu zaidi na deni.

Upande wa Tanzania, Euphrase Kezilahabi alilidhihaki tatizo la tatu katika tamthilia yake Kaptula la Marx, iliyosubiri miaka mingi hadi kuchapishwa 1999: kiongozi anayelivaa vazi la mwanafalsafa bila kupima mwili wake. Dhihaka hiyo ni halali dhidi ya nadharia iliyoazimwa nzimanzima. Dhidi ya Odinga haifai, kwani hakulivaa vazi hilo. Alishona lake kwa kitambaa alichokuwa nacho, akaliachia njiani.

Oktoba 1969

Hospitali ya Russia ilijengwa kwa msaada wa Kisovieti kufuatia makubaliano ya 1964. Tarehe 25 Oktoba 1969, miezi mitatu na ushei baada ya Mboya kuuawa Nairobi, Kenyatta alikwenda Kisumu kuifungua rasmi. Yeye na Odinga wakarushiana maneno hadharani, umati ukapandwa na hasira, na walinzi wakafyatua risasi walipokuwa wakiondoka mjini. Waliokufa walikuwa 11 kwa hesabu ya serikali, na wengi zaidi kwa hesabu ya wenyeji. Siku chache baadaye KPU ilipigwa marufuku na Odinga akawekwa kizuizini hadi 1971.

Mwandishi aliyelisawiri tukio hilo kwa uzito wa kifasihi si mwanasiasa. Ni Marjorie Oludhe Macgoye, aliyefika Kenya mwaka 1954 kama muuza vitabu wa misheni na kuolewa katika jamii ya Kijaluo. Katika riwaya yake Coming to Birth (1986), Okeyo, mtoto mdogo wa Paulina, anauawa kwa risasi siku ile. Riwaya haimfanyi shujaa wa itikadi yoyote. Inarejea kwa Paulina, kwa kazi za mikono anazojipatia riziki, kwa chumba cha kupanga, kwa safari ya kurudi Nairobi kutumikia katika nyumba ya mtu mwingine. Hakuna msaliti anayetajwa kuwa sababu ya mambo, na pengo hilo ndilo linalompa msomaji nafasi ya kuona jinsi maisha ya mwanamke huyu yanavyoshikiliwa na kodi ya nyumba, ujira na ndoa. Kwa kipimo cha uyakinifu, mkristo huyu wa misheni anakwenda mbali kuliko mwenyekiti wa KPU.

Mauaji hayo yaliimarisha usomaji wa kisaliti. Tangu hapo, katika mtaa uliojengeka kando ya hospitali, Not Yet Uhuru imekuwa ikisomwa, au kusimuliwa na wasioisoma, kama kitabu cha mtu aliyedhulumiwa. Na mitaa ya Kondele ilipowaka baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, lugha iliyosikika ilikuwa ileile ya kuibiwa na kusalitiwa. Uchungu huo una sababu za kweli. Mhakiki anachoweza kuuliza ni kwa nini lugha hiyo haijaacha nafasi kwa maswali mengine.

Mgongo wazi

Mojawapo ya maswali hayo linaweza kuulizwa Obunga, karibu na Kondele. Mbuta, ambaye Mwanza humwita sangara, alipandikizwa katika ziwa kuanzia miaka ya 1950, na kufikia miaka ya 1980 alikuwa amekuwa bidhaa ya viwanda. Minofu hukatwa na kusafirishwa nchi za nje. Kinachobaki, kichwa na uti, huuzwa kwa bei ya chini, na wanawake wa Obunga hukikausha na kukikaanga kwa ajili ya wasiomudu samaki mzima. Wakisumu wamekiita mgongo wazi. Mwanza ni mapanki. Nyuma ya kitoweo hicho kuna mpangilio mzima: mwenye mtumbwi na nyavu ambaye huenda haingii majini, wavuvi wanaolipwa kwa fungu la wanachovua, dalali wa ufukweni, kiwanda, na mwanamke anayengoja langoni. Wengi wao ni watu wa koo zinazojuana. Huitana omera na nyamin, ndugu na dada, na bei hupangwa vivyo hivyo.

Odinga hakuweza kuuandika mpangilio huo mwaka 1967, kwa sababu ulikuwa haujakomaa. Lakini msomaji akitoka Obunga na maswali yake, nani anamiliki nyavu, nani anakopeshwa, undugu unakaa wapi katika hesabu ya fungu, atapata msaada katika sura za hisa, leseni na viwanja. Katika sura za mawaziri walioharibika atapata majina tu.